Sabina na Kaburi Lililoitwa Kiwanja

Kila asubuhi Sabina Luhende alifagia kaburi la mumewe kabla ya kufagia uwanja wake. Mumewe huyo, Shigela, tulimlaza ndani ya zizi, ubavuni mwa jiwe kubwa, wakati mtaa wetu wa Mkolani bado ni mashamba. Nilikuwa miongoni mwa waliochimba. Kwetu Wasukuma mwenye mji alizikwa kwa ng'ombe wake, na hakuna aliyeuliza hati.

Kisha jiji likatufuata. Malimi, mdogo wake Shigela, akauza upande ule wa zizi kwa mtu wa maghala. Sabina akamfuata nyumbani kwake Mkuyuni, nami nikamsindikiza.

"Shemeji, umemuuza kaka yako?"

"Nimeuza ardhi. Kaka atahamishiwa makaburi ya jiji. Huko kuna majirani wengi, na alivyopenda stori!" Malimi akacheka peke yake.

"Nyama ya matanga yake uliila ukaomba na ya kubeba," Sabina akamwambia. "Sasa unamla mwenyewe."

Zamani jambo hili lingekwenda kwa banamhala, wazee wa kijiji, na Malimi angenyimwa moto na maji katika kila nyumba mpaka apige magoti. Siku hizi ukinyimwa moto unanunua kiberiti. Na wazee wenyewe tumebaki mimi na redio yangu.

Josephat, wakili kijana, alimshauri Sabina aende Baraza la Ardhi na Nyumba. Mama akakataa katakata.

"Kule wanaamua mipaka. Nikienda, nimekubali kwamba mume wangu ni kiwanja. Nipeleke wanakozungumzia watu."

Basi Josephat akaandika ombi Mahakama Kuu, kuhusu utu wa marehemu na haki ya mjane, huku akimwonya kwamba huenda lisipokelewe.

Halikupokelewa. Baada ya kuahirishwa mara nyingi, jaji alisoma kwa sauti ya upole: mahakama haiwezi kusikiliza ombi la namna hiyo wakati sheria imeweka njia nyingine, na njia ipo, ni baraza la ardhi. Hakusema Sabina ana haki, wala hakusema hana.

Tulipotoka nje Sabina akauliza, "Nimeshindwa?"

"Hapana, mama. Amesema uanzie mlango mwingine."

"Na Shigela je?"

Josephat akafunga vifungo vya koti lake, na jua lilikuwa kali.

Sabina akaenda barazani, akamwita mumewe kiwanja. Lakini mwenye maghala hakuwa amesubiri. Greda lilishapita, jiwe limepasuliwa kokoto, naye anaapa kwamba hakuona hata mfupa mmoja.

Siku baraza lilipokuja kukagua eneo, ghala lilishasimama. Mwenyekiti alimwamkia Sabina kwa heshima.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Tuonyeshe kaburi lilipo."

Sabina akasimama karibu na nguzo. Akasogea. Akarudi nyuma, akageuka kuutafuta mlima aliozoea kuuona akifagia, lakini ukuta ulikuwa umeuziba. Malimi alikuwa pembeni na simu yake, hakuinua uso.

"Ngosha, wewe ulichimba," Sabina akaniambia. "Ni wapi?"

Nilitazama. Palikuwa na sakafu ya zege tu, nyororo, kutoka ukuta hadi ukuta.

"Sijui, mama," nikasema, na mwenyekiti akaandika.

Sabina akavua viatu, asije akamkanyaga navyo, akatembea peku juu ya zege lile mpaka barabarani.