Jiwe la Mama Limelala Kifudifudi

Ninafundisha historia katika shule moja ya Ndosho, na kila mwaka kuna somo la wakulima wa kwanza: watu wa zamani sana waliochoka kufuata wanyama porini, wakapanda mbegu, wakatulia mahali pamoja. Kitabu kina picha ya jiwe la kusagia lililofukuliwa ardhini, limelala kifudifudi. Chini yake wameandika kwamba wenyewe waliliacha. Nami nilifundisha hivyo hivyo, kama kasuku.

Mama aliiona picha hiyo nilipokuwa nasahihisha madaftari. Alikuwa amekimbia vita, akaacha shamba lake karibu na Kiwanja, akakaa kambini Mugunga, kisha akaja kwangu. Mzigo wake wote ulikuwa kibuyu cha maharage ya mbegu, yamechanganywa na majivu yasiliwe na wadudu.

"Hapana, habakuiacha," akasema. "Mutu akiacha jiwe, anaiacha vile iko. Hawa baliigeuza, kuku zisichafue. Balikuwa batu ba kurudi. Na mie ya kwangu niliigeuza."

"Mama, hii ni maelfu ya miaka!"

"Basi balikawia."

Nilicheka. Yeye hakucheka.

Kibuyu kilikaa juu ya kabati. Kuna siku tulilala na chai tupu, na hakuna aliyekigusa. Kwetu mbegu hailiwi. Anayekula mbegu amekwisha kukubali kwamba hana shamba. Kwa hiyo, maadamu kibuyu kilikuwa kimejaa, Mama alikuwa anarudi nyumbani. Msimu ukapita, na mwingine, na mwingine. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, ndivyo tunavyosema, lakini uani kwangu ni mawe ya volkano matupu. Ningempa jembe alime nini?

Septemba hii alichukua mbegu chache akazifunga katika kitambaa kilicholowa. Ndivyo wanawake wa kwetu wanavyoijaribu mbegu kabla ya kupanda. Siku ya tano akafungua. Zilikuwa zimevimba na kunuka, na hakuna hata moja iliyochipua. Nilingoja alie, akaenda kufua kitambaa. Mimi nami niliitafuta huzuni nikaikosa. Sikuhisi kitu, na hilo ndilo lililonitisha kidogo.

Jumapili, tulipotoka misa, alipepeta majivu, akamwaga kibuyu chote ndani ya sufuria. Maharage yaliyokaa sana hayaivi upesi. Niliongeza makaa mara mbili, na bado yalikuwa magumu. Tulikula hivyo hivyo.

"Na ile jiwe, Mama?" nikamwuliza.

Alitafuna kwanza, akameza.

"Iko vile niliigeuza. Mwenye ataikuta, ni yeye ataifunua."

Kisha akaomba chumvi, nikampa.