Kanda Aliyoivunja Chifu

Juzi mtoto wa kaka yangu kaniketisha mbele ya kompyuta yake, ananieleza watu wanavyogawiana nyimbo mtandaoni pasipo duka wala bohari. Unauliza unaowajua, nao wauliza wanaowajua, mpaka apatikane mwenye wimbo unaoutaka. "Mambo mapya haya, shangazi." Mapya? Nenda zako! Sisi Magogoni tulikuwa nayo tangu enzi za kaseti.

Hebu sikiza nikwambie. Nyanya yangu alikuwa mwimbaji wa harusini. Chifu alipotaka kujimegea kisima chetu cha mtaa, nyanya akamtungia wimbo, akauimba kweupe kwenye harusi ya jirani, watu wakacheka hadi machozi. Muuza kanda akaurekodi. Wiki haikupita, chifu akaja na askari, akavunja kanda zote dukani, kisha akaingia kwetu akaivunja na ya nyanya. Sikuwahi kumwona nyanya akilia, lakini siku ile alilia. "Ameichukua sauti yangu," akasema.

Masikini chifu! Alidhani wimbo unakaa dukani. Hakujua ada yetu: ukishanakili kanda, huna ruhusa ya kumnyima anayekuja baada yako. Asubuhi yake nikaenda kisimani na ndoo, nikawauliza wanawake niliowakuta nani bado ana nakala ya wimbo. Wao wakauliza majirani, majirani wakauliza mashoga zao, hata swali likavuka feri. Jibu likarudi njia ile ile, mdomo kwa mdomo. Mwanzo wa wimbo ulikuwa Likoni, kwa mpika mahamri nisiyemjua hata leo. Kanda yake ililiwa na redio katikati. Mwisho ulitoka Frere Town. Tukaweka redio mbili zikitazamana, moja ikicheza na nyingine ikirekodi, tukanyamaza kimya, tukaunga. Jogoo akawika, sauti yake ikaingia mle mle kandani, mwanaharamu!

Nyanya akasikiliza, akajifuta uso. "Sasa wapeni wote."

Tuliwapa, wallahi. Kila alikopita chifu, wimbo ulimtokea dirishani, na kisima hakukigusa mpaka akastaafu.

Leo nyanya hayupo, duka halipo, na kisima kimefukiwa chini ya nyumba za kupangisha ambamo majirani hawajuani hata majina. Inaniuma, sifichi. Lakini ile kanda nilimpa kijana, akaitia kwenye huo mtandao wake. Jioni akaniambia kuna mtu ameshaichukua, hajui ni nani wala yuko wapi. Nikamwambia ndivyo ilivyo siku zote.

Basi nawe, ukisikia mama mzee anamsema chifu, kisha jogoo akawika, usifute. Mpe na jirani yako.