Nilipiga simu kwa TV kuuliza bendi ya jeshi kuhusu chui

Wakuu, hamjambo huko mliko. Mimi niko Garsen, jua la leo linakaanga yai juu ya tangi la pikipiki. Haya ni ya kweli. Mkikuta nimeongeza, ni chumvi ya kuonja tu.

Kwa miaka niliamini hivi: yule mpiga ngoma kubwa wa bendi ya jeshi, anayevaa ngozi ya chui, huyo chui lazima amuue mwenyewe. Mkono kwa mkono. Bila chui, hugusi ngoma.

Aliyeniambia ni Komora, kinyozi wangu. Na mtu ameweka wembe shingoni mwako, utabishana naye?

Sasa mimi ngoma ndiyo damu yangu. Nikipiga kanisani kijijini kwetu Hewani, viboko wa mto Tana wanatoa vichwa majini kusikiliza. Cheti cha kidato cha nne nimekipata juzi juzi, kwa shule ya usiku. Na umri wa kuandikwa jeshi unaniishia mwaka huu.

Kilichobaki ni chui.

Niliingia msituni na panga. Mbega mmoja akakohoa juu ya mti. Nilitoka, viatu vikabaki.

Basi wiki jana niko hotelini kwa Mama Jilo, chai na mahamri, Komora kando yangu. TV ikawaka: bendi ya jeshi, laivu! Tarumbeta zinang'aa mpaka macho yanauma, na mpiga ngoma kubwa yuko pale na ngozi yake ya chui. Wanawaambia vijana jeshi si bunduki tu, wenye vipaji wajitokeze siku ya kuandikisha. Hoteli nzima iliacha kutafuna.

Mtangazaji akasema pigeni simu.

Nikapiga. IKAINGIA!

"Uko hewani, unatoka wapi? Na upunguze TV yako."

"Garsen! Mama Jilo, punguza!"

"Punguza mwenyewe, huoni nimeshika sufuria?" Kenya nzima ilimsikia.

Nikajikaza. "Afande mpiga ngoma, shikamoo. Huyo chui nije naye siku ya kuandikwa, ama naandikwa kwanza halafu mnanipa muda wa kumtafuta?"



Askari wa tarumbeta akacheka mpaka akakaa chini. Mtangazaji akajifunika na karatasi zake. Komora naye ghafla akaanza kutafuta kitu chini ya meza.

Mpiga ngoma pekee hakucheka. Ni sajini, mwembamba kama mimi.

Wakuu, nilivyosikia jibu lake niliruka, chai ikamwogesha Komora. Siku ya kuandikisha nitafika uwanjani kabla ya jogoo.

Nilichojifunza: mambo ya jeshi muulize mwanajeshi, kinyozi mwachie nywele. Wewe ni uvumi gani ulikuzuia kujaribu kitu? Mwaga hapa tucheke pamoja.

Na sajini alinijibu hivi:

"Kijana, hii ngozi ni kitambaa tu. Napewa stoo, na nikitoka hapa nairudisha. Wewe njoo na kitambulisho na vyeti vyako, na uanze kufanya mazoezi ya kukimbia."