Mwendo wa Zombi

Mtaa mzima ulimwita kinyozi huyu Popo, jina alilolipata kwenye filamu yake fupi ya kwanza ya vichekesho, alipoigiza mnyonya damu anayezimia akiona damu. Ya pili akawa mbwamwitu: mwezi mpevu, jitu linaingia kwa kinyozi, "Nipunguzie kidogo tu," na manyoya yanaanzia kisiginoni! Watu walivunjika mbavu. Basi mgema akisifiwa, tembo hulitia maji.

Ya tatu ilikuwa ya zombi aliyefufuka akakurupuka kuwahi kazini. Maneno yalikuwepo, vipodozi vilikuwepo, mwendo ndio uliomshinda. Akauchukua wa baba yake.

Mzee alikuwa amepigwa na kiharusi. Daktari alisema atembee kila siku, la sivyo mguu utamfia kabisa. Kwa hiyo mzee alijikokota ukumbini, mkono mzima kwenye fimbo ya kutembelea, wa pili umejikunja kifuani, mguu unafagia sakafu, ulimi ameuuma kwa bidii. "Leo nimefika mlangoni, mwanangu!" Na Popo nyuma yake anampigia makofi. Makofi gani! Alikuwa anaiba.

Alijidanganya kwamba baba hataiona filamu hiyo ikisambaa simuni, maana mzee hakuwa na simu. Lakini shangazi alikuwa nayo. Alipokuja kumjulia hali kaka yake, hata hajakaa vizuri, akamwekea simu usoni: "Kaka, hebu mwone mwanao anavyotuua kwa kicheko!"

Popo alitamani ardhi ipasuke immeze. Zombi akatokea akijiburuta, mkono kifuani. Shangazi, aliyekwisha kuicheka mara kadhaa, akainua macho akamwona kaka yake pale kitini, na kicheko kikamkauka mdomoni. Mzee ndiye aliyecheka mpaka mwisho. Akapangusa macho.

"Umepatia, mwanangu," akasema. "Mpaka ulimi."

Popo akainamia sakafu, uso unamwaka kwa aibu. Afadhali angetukanwa, afadhali angepigwa hata kwa hiyo fimbo ya kutembelea.

Baadaye kidogo mzee akataka kwenda msalani. Popo akakimbilia fimbo, akamshikisha. Mzee akautazama ule ukumbi, akamtazama dada yake, akaiegemeza fimbo ukutani.

"Nibebe."

"Baba, jamani, daktari alisema utembee."

"Nitatembea," mzee akasema, akimnyooshea mkono mzima kama mtoto. "Mkishalala."