Kiota Ndani ya Nyasi za Kutandika

Mwezi uliopita nilipanda kilima cha nyuma ya kwetu, Nyabiyonza, nikamsikia tena yule ndege mdogo wa kwenye mawe. Wa kahawia, mwili kiduchu, kelele tele. Nilikaa chini nikacheka peke yangu, maana, rafiki yangu, ndege huyo nusura avuruge posa ya shangazi. Haya, niseme kweli: mvurugaji nilikuwa mimi.

Enzi zile nyumba zetu zilitandikwa nyasi sakafuni. Mgeni wa heshima alikanyaga nyasi mbichi, harufu yake imejaa mpaka vyumbani. Kuzikata kilimani ilikuwa kazi yetu wasichana, na bibi alikuwa na sharti moja tu: fungu la nyasi lililoegemea jiwe haliguswi. "Hapo pana mwenyewe," alikuwa akisema.

Siku ambayo wakwe walikuwa wanakuja kumposa shangazi, nilikuwa na haraka na uvivu, vyote viwili. Nyasi za kwenye jiwe zilikuwa ndefu, nzuri. Nikapitisha mundu.

Bibi alipofungua mzigo sebuleni kikadondoka kiota, kidogo kama ngumi ya mtoto. Ndani makinda watatu, macho yamefumba, midomo wazi. Mama yangu! Niliona aibu hadi masikio yakawaka, nikangoja fimbo. Bibi akawatazama, akaitazama njia watakayotokea wageni, akasema, "Haya, turudi."

"Bibi, na wakwe je?"

"Wakwe wana kwao. Hawa tumewabomolea."

Akamwachia shangazi chungu cha ndizi na maharage, tukapanda, yeye na magoti yake yale mabovu. Kwenye jiwe akachomeka vijiti, tukafunga zile nyasi wima kwa kamba za mgomba, kiota katikati. Tukajibanza mbali. Nilisali makumi mawili ya rozari, amini usiamini. Mama ndege alirukaruka juu ya jiwe akitutukana, sina neno jingine, kisha akaingia na mdudu mdomoni. Bibi alinibana vidole mpaka vikauma.

Tuliporudi, wageni walikuwa wameketi kwenye sebule iliyotandikwa nusu. Nikawaamkia shikamoo mmoja mmoja. Bibi akaeleza kisa chote, wala hakunificha. Mzee wao akacheka mpaka rubisi, ile pombe yetu ya ndizi, ikamwagika kutoka kibuyuni, akasema katika nyumba ya namna hiyo ndimo alimotaka mwanawe aoe. Shangazi hakunisemesha siku mbili.

Leo nyumba zetu zina vigae sakafuni, na nusu ya kilima imepasuliwa kokoto. Bibi naye hayupo. Tangu siku ile nimekosea makubwa zaidi, mengine kwa watu tusioongea tena. Wa kunisamehe wapo, na wa kunisema wapo tele. Wa kupanda kilima pamoja nami kwenda kutengeneza nilichoharibu, sijampata mwingine.