Msiba wa Meli Ingrid

Adela Kokushubila, mzaliwa wa Kagera na mkazi wa Adelphi, Maryland, alikuwa na neno lake kuhusu Wazungu wanaolipa mapesa kwenda kuona barafu. "Mungu kawapa baridi ya bure mlangoni, wao wanaifuata nyingine mwisho wa dunia!" Alilisema kanisani, akalisema kwenye basi, na watu walicheka. Lakini ole wako umtajie meli Ingrid kwa dharau. Hiyo ilikuwa meli ya mzee wake.

Mzee mwenyewe aliitwa Wayne, wa Takoma Park, miaka themanini na miwili na moyo uliochoka. Adela alimtunza siku sita kwa juma: kumwogesha, kumpikia, kumpangia vidonge. Watanzania wa huko kazi hiyo huiita kubeba boksi, ingawa boksi lenyewe hulioni. Yeye alikuwa akiibeba mwaka wa tatu sasa, na kila asubuhi alipomkanda mzee miguu iliyovimba, mzee alimsimulia habari za meli aliyoitumikia miaka kumi na tisa akiwa fundi wa injini.

Kwa hiyo Adela aliijua Ingrid kama anavyoujua ukoo wake. Iliundwa Denmaki mwaka sitini na tatu, ikawa inapeleka barua na unga kwenye visiwa vya kaskazini. Baadaye ikauzwa, ikapakwa rangi nyekundu ili ionekane katikati ya barafu, ikatiwa vyumba vya kulala, ikaanza kuwapeleka watalii Antaktika wakawatazame pengwini. Ilibadilisha bendera mara nne na matajiri mara tano. Mwaka mmoja barafu iliibana siku tisa. Abiria wakala supu ya kabichi na kuimbiana, na Wayne akalala chini kando ya injini, asije akaiacha ikapoa. "Ilikuwa na kiburi," mzee alisema, "lakini ukiisemesha vizuri, inawaka." Adela alimwelewa sana. Aliwahi kuwa na mume wa namna hiyo.

Basi, Ijumaa moja ya Februari 2008, Adela akiwa kwenye basi kuelekea kazini, alipigiwa simu na Abigail, binti wa mzee aliyekaa Alexandria. Ingrid imezama huko kusini, imegonga barafu, na televisheni zote zinaonyesha. "Tafadhali, baba asiione kwenye habari," Abigail alisema. "Mwambie wewe kwa upole. Mimi nitafika mchana."

Adela alisema sawa, akakata simu. Hakuuliza neno jingine. Ukimwambia mtu wa Kagera kwamba meli imezama, umemaliza. Hana la kuuliza tena. Mwaka tisini na sita, MV Bukoba ilipozama ziwani ikikaribia Mwanza, mdogo wake Adela alikuwa ndani. Habari zilimkuta Adela Marekani, kwa simu, akiwa peke yake jikoni kwa watu na sufuria yenye povu mkononi. Hakuwepo wa kumshika. Alimaliza kuosha vyombo, maana hakujua afanye nini kingine. Tangu siku hiyo aliapa kwamba mtu wake hatapokea msiba peke yake.

Na msiba kwao una utaratibu. Mfiwa haambiwi akiwa na njaa, wala haambiwi akiwa mwenyewe. Watu hukusanyika kwanza, yeye hula, hukaa chini, ndipo mmoja anasema. Adela akampigia Bupe, shoga yake wa kanisani.

"Bupe, uko off leo? Njoo kwa mzee wangu. Tumefiwa."

"Jamani! Na nani tena?"

"Meli."

"Wewe Adela, jana ulilala kweli?"

"Imezama na watu wake, shoga yangu. Na mzee moyo wake ndiyo huo. Unataka nimwambie mwenyewe? Beba chai ya tangawizi. Mwambie Phineas akulete na teksi yake, na yeye ashuke, asikae nje."

Kampuni iliyomwajiri ilikataza kabisa kuingiza wageni katika nyumba ya mgonjwa. Adela alilijua hilo, akalitia kapuni.

Alipofika alichomoa waya wa televisheni, akasema imeharibika, Mungu amsamehe. Mzee akala uji wake wote. Saa tatu Bupe na Phineas wakaingia, wakavua viatu, wakaketi sofani kimya, Bupe kajifunga khanga kiunoni. Mzee akawatazama wale wageni, akaitazama chupa ya chai, akamgeukia Adela. Hakuwa mjinga.

"Nani amekufa?"

Adela akapiga magoti mbele ya kiti chake, akamshika mikono yote miwili. "Ni Ingrid, mzee wangu. Imezama."

Mzee alivuta pumzi, akavuta nyingine, na Adela akawa anazihesabu kwa hofu. Kisha mzee akauliza: "Watu je?"

"Watu?"

"Waliokuwemo. Wangapi wametoka?"

Adela aliona aibu ikimpanda usoni. Alikuwa ameleta chai ya matanga kwa ajili ya watu ambao hakuuliza hata kama wamekufa. Akampigia Abigail, akaweka sauti wote wasikie.

"Wametoka wote," Abigail alisema. "Mia moja arobaini na wanne. Walikaa kwenye mashua muda wa saa nne, meli nyingine ikawachukua. Hajapotea hata mmoja. Kwani sikukwambia?"

Mzee akafumba macho, machozi yakamtoka. "Ingrid, binti mwema," alisema. "Amewangoja washuke wote."

Bupe akamshukuru Mungu kwa sauti. Aliyeanguka alikuwa Adela. Alilia kilio cha matanga hasa, kichwa chake kwenye magoti ya mzee. Alifurahi kwa ajili ya wale watu, na aliwaonea wivu mchungu. Kumbe meli inaweza kuzama na kila mtu akarudi kwao! Miaka kumi na miwili alikuwa hajui.

"Mdogo wake alikufa maji," Bupe akamweleza mzee polepole. "Ziwani, kwetu."

Adela hakuwa amemwambia. Kazi yake ilikuwa kusikiliza. Mzee akaivuta chupa, akamimina chai mwenyewe, nusu ikaenda mezani, akamsukumia Adela kikombe na kumwonyesha kiti.

"Kaa. Miaka mitatu unanisikiliza mimi. Mdogo wako aliitwa nani?"

Adela akakaa. "Kokugonza. Alikuwa anakwenda Mwanza kuchukua kifurushi changu. Nilikuwa nimemtumia viatu."

"Vya rangi gani?" mzee akauliza, na Adela, kwa mara ya kwanza tangu mwaka ule, akaanza kusimulia.