Chakula cha Georgette

Askari walipokuja kumchukua Cyrille hawakumkuta, basi wakamchukua mke wake.

Ilikuwa Jumamosi, saa za salongo, ile kazi ya lazima iliyowatoa watu wote wa mtaa wa Kikula majumbani na majembe na makoleo wakalitumikie taifa bila malipo. Siku hiyo walikuwa wanazibua mtaro. Mzee Ambroise, jirani yao aliyestaafu kazi ya reli, aliketi ukingoni apumue kidogo, na kiongozi wa vijana wa chama akamchapa mkanda wa shingoni. Mzee alipojaribu kuinuka akachapwa tena, akaanguka kifudifudi kwenye tope. Cyrille alikuwa fundi mitambo kiwandani, mtu mpole ambaye majirani hawajawahi kumsikia akifoka. Alipanda kutoka mtaroni, akampiga yule kiongozi ngumi moja ya mdomo. Meno yakatoka.

Cyrille alipita nyumbani mbio. Alikunywa maji akiwa amesimama, akamwambia Berthe, "Miye naenda Zambia. Nitatuma muntu akuchukue." Akatokea mlango wa nyuma. Berthe alikuwa bado ameshika kikombe wakati mlango wa mbele ulipopigwa teke.

"Bwana yako iko wapi?"

"Sijue. Ametoka."

"Basi weye utakaa pahali pake. Siku atarudia, utatoka."

Hiyo ndiyo ilikuwa hukumu yake. Hakuna hakimu aliyeisoma wala karatasi iliyoandikwa. Walimtupa nyuma ya lori pamoja na wanaume waliofungwa kamba, wakampeleka kwenye gereza lililokuwa mbali nje ya mji. Pale mapokezi askari alimuuliza jina, naye akasema, "Berthe." Kofi likamjia kabla hajafunga mdomo. Majina ya Kizungu yalikuwa yamepigwa marufuku nchini, ingawa watu walizidi kuitana nayo, na yeye kwa hofu alikuwa amesahau. "Ngalula," alisema safari hii, damu ya mdomo ikimwingia kooni. Wakampa gauni la gunia na jembe.

Wanaume wa gereza lile walipelekwa kuvunja mawe. Wanawake walilima shamba la mahindi la mkuu wa gereza mwenyewe, shamba ambalo mwisho wake ulikuwa hauonekani. Walilima wakiwa wamejipanga mstari mmoja, na nyuma yao alitembea askari aliyeitwa Floribert, na kiboko chake cha ngozi. Alikuwa kijana bado, mwenye sauti nzuri, na alipenda kuimba nyimbo za kanisani akiwa kazini. Alipiga bila hasira, kama mtu anayetwanga. Ukichelewa nyuma ya mstari, kiboko mgongoni. Ukitangulia wenzako, kiboko pia, kwa sababu umewaacha. Jioni Berthe alilala kifudifudi, maana gauni lilikuwa limegandana na vidonda vya mgongo, na kulibandua kulikuwa kama kuchunwa.

Aliyemfundisha kuishi mle ndani ni Georgette, mjane wa makamo aliyekamatwa kwa kupika lotoko, ile pombe kali ya mahindi. Miguu yake ilikuwa imevimba hadi vifundo havionekani. Kila Jumapili binti yake, Bibiane, alitembea kutoka mjini na beseni kichwani: bukari, ule ugali wa kwao, sombe ya majani ya muhogo, na dagaa wakavu alipowapata. Gereza lilimpa kila mfungwa uji mwepesi tu. Aliyekuwa na ndugu alikula cha ndugu zake, na asiyekuwa nao alikonda hadi akaisha. Ndugu za Berthe walikuwa mbali, mkoani Kasai, nao hawakujua kama yuko hai.

"Kula, mutoto yangu," Georgette alimwambia Jumapili ya kwanza, akimsogezea beseni. "Bibiane anapika mingi."

Haikuwa mingi. Berthe aliona, naye alikula.

Mwezi wa kumi jua likawa kali, ardhi ngumu kama saruji, na mkuu wa gereza akataka shamba lote liwe tayari kabla ya mvua ya kwanza. Wakaanza kulima bila mapumziko ya mchana. Siku moja Georgette alisimama, akashika kiuno, akaanguka. Floribert akaacha wimbo wake.

"Simama, mama."

Georgette hakuweza. Kiboko kikaanza kushuka, na wanawake wakainamisha vichwa, wakazidi kulima, kama walivyozoea. Berthe naye alilima. Alilima hadi aliposikia sauti ya Georgette imebadilika, si kilio tena bali kitu kama kukoroma. Hapo alitupa jembe, akajilaza juu yake.

Floribert aliwapiga wote wawili. Berthe akakishika kiboko, akauvuta mkono ulioshika, akaung'ata. Alisikia ladha ya chumvi, akasikia nyama inakatika kati ya meno yake, na hakuachia hadi askari wawili wengine walipofika. Mmoja alimburuta kwa nywele. Mwingine aliuweka mkono wa kulia wa Berthe juu ya chuma cha jembe, akaukanyaga kwa buti, akaukanyaga tena hadi mifupa ikalia. Kisha Floribert, mkono wake ukichuruzika damu, alichukua bunduki ya mwenzake na kumshindilia Georgette kichwani kwa kitako cha bunduki ile.

Waliwafungia pamoja kwenye kashoti, chumba kidogo cha adhabu kisicho na dirisha. Georgette alikuwa bado anapumua. Kichwa chake kilikuwa kwenye mapaja ya Berthe, kikiwa kizito, na kabla jua halijatua kikawa kizito zaidi.

Asubuhi walimtoa Berthe akachimbe kaburi nyuma ya shamba. Alichimba kwa mkono mmoja, ule mwingine ukiwa umevimba kama kiazi. Walipoona anachelewa wakamwongezea wanawake wawili. Georgette akazikwa bila sanda na bila sala. Mkuu wa gereza akaja kuwasimamisha wanawake mstarini.

"Ule mama amehamishwa," alisema. "Anayesema kitu kingine atamufuata kule amehamishwa."

Jumapili ilipofika Berthe aliwekwa kufagia uwanja, kwa kuwa hakuweza kushika jembe. Akamwona Bibiane langoni, beseni kichwani, gauni la Jumapili limejaa vumbi.

"Mama iko muzuri?" Bibiane aliuliza.

Floribert alilipokea beseni kwa mkono uliofungwa kitambaa. "Iko muzuri. Anakusalimia. Anasema safari ingine ulete na mafuta."

Bibiane akatabasamu, akageuka kurudi mjini. Floribert akaketi kwenye kivuli cha lango, akafunua beseni, akala pamoja na wenzake, wakicheka. Berthe alifagia mahali pale pale hadi udongo ukawa shimo.

Jumapili iliyofuata Bibiane alikuja na mafuta. Alikuwa ameyatia kwenye chupa ya bia, ameikumbatia kifuani isianguke. Berthe alipoiona ile chupa alijua kwamba watamla huyu binti kila wiki, mpaka atakapokuwa hana kitu cha kuleta. Akatupa ufagio, akakimbilia lango.

"Bibiane! Mama yako alikufa! Balimuua! Tulimuzika nyuma ya shamba!"

Aliwahi kuongeza, "Huyu anakula chakula yako!" ndipo kitako cha bunduki kilipomfikia usoni. Kitu kikapasuka ndani ya jicho la kushoto. Alianguka, na buti zikaanza, mbavuni na tumboni, na katikati ya buti akasikia chupa inavunjika langoni na Bibiane anapiga ukelele mmoja mrefu.

Hapo wanawake wote wa gereza wakajibu. Wale waliokuwa wameinamisha vichwa shambani walianza kulia kilio cha msiba, kile kinacholiliwa maiti akiwa ndani ya nyumba. Askari waliwaingilia kwa viboko, lakini waliopigwa walizidi kulia, na sauti ikatoka nje ya ukuta.

Alasiri Bibiane alirudi na akina mama wa mtaa wake na wa parokia, vitambaa vimefungwa kiunoni. Waliketi barabarani mbele ya lango, wakalia msiba. Askari waliwapiga kwa vitako vya bunduki, wakamvunja mmoja bega, wakawatawanya. Kesho yake wakarudi wakiwa wengi zaidi, na mbele yao alikuwa padri wao, Urbain, katika kanzu yake nyeupe.

"Sikuja kugombana," padri alimwambia mkuu wa gereza. "Nimekuja kuchukua maiti nizike."

Mkuu aliwatazama wale akina mama, akatazama barabara ambako magari ya wafanyakazi yalikuwa yameanza kusimama kuangalia. Akaamuru kaburi lifukuliwe. Bibiane mwenyewe ndiye aliyemfuta mama yake udongo usoni, na akaliona fuvu lilipobonyea.

Hakuna aliyefungwa kwa kifo kile. Mkuu wa gereza alihamishiwa mji mwingine, na Floribert akamfuata. Padri alizidi kuuliza yule mwanamke wa jicho lililopasuka ana kosa gani, na kwa kuwa hapakuwa na aliyeweza kujibu, wakamtoa, wakamsimamisha nje ya lango na gauni lake la gunia. Nyumba yake, mali ya kiwanda cha Cyrille, ilikuwa imekwisha kupewa mfanyakazi mwingine. Bibiane alikuwa akimsubiri barabarani na kitenge. Akamfunga nacho, akamshika mkono ule mzima.

"Twende nyumbani," alisema.

Wakaishi pamoja, wakauza makaa kwenye kibaraza. Berthe alijifunza kufanya kila kitu kwa mkono wa kushoto. Majirani walimwita mama wa Bibiane, naye aliitika.

Cyrille alirudi baada ya miaka mingi, serikali ilipotangaza msamaha kwa waliokimbia. Hakuwa ametuma mtu yeyote. Alisimama uani katika suruali nzuri, akaona jicho lililofumba na vidole vilivyopinda, akaketi chini mavumbini.

"Nilisikia walikukamata," alisema. "Kama ningerudia, bangeniua."

"Ni vile," alisema Berthe. "Bangekuua."

Kisha alimweleza yote, tangu kofi la mapokezi hadi chupa ya mafuta, bila kuinua sauti, huku akipanga makaa mafungu mafungu. Cyrille alilia. Alipomaliza kulia aliuliza kama anaweza kulala pale.

"Hii ni nyumba ya Bibiane," Berthe alimjibu. "Umuulize yeye."

Bibiane alikuwa mlangoni, amesikia kila neno. Aliingia ndani, akatoka na sahani ya bukari. Akaiweka mbele ya Cyrille.

"Kula, baba," alisema. "Ukimaliza, utaenda."